Mashine Namba Sita

Walikuja saa mbili asubuhi, wakavua viatu mlangoni,
vijana wenye adabu, nyaya mabegani.
Saa ya ukutani wakaishusha: inagonga, walisema.
Jokofu wakalizima: linanguruma.
Wakasimamisha taa mbili nje ya dirisha, wanitengenezee jua,
siku ambayo Minnesota yote ilikuwa theluji.

Binti wa maswali, Maren, akanigusa mkono:
"Jitambulishe, Bi Huttula. Kisha useme ulichokiona."

Lempi Huttula. Miaka sabini na tisa.
Nilishika zamu ya usiku kwenye dobi la sarafu
mkabala na lango la mgodi.
Saa kumi alfajiri, baridi ya kugandisha kope,
akaingia mwanamume na mazulia ya gari, manne,
akayasukumiza kwenye mashine namba sita.
Sarafu hazikumtosha. Nikamvunjia noti ya dola tano.
Akasema asante.

"Tena," alisema Maren, "ila hiyo asante tuiache."
Nikasema tena. Mara ya tatu ndege ikapita.
Mara ya nne nililia,
na mpiga picha akainua dole gumba.

Mwezi wa nne filamu ikatoka.
Wamempa koti langu msichana mwembamba, shingo ndefu.
Anaiendea mashine, anaweka kiganja kwenye kioo,
anayaona maji yakibadilika rangi.
Anajua.

Mimi sikuyatazama.
Nilikuwa nahesabu robo za dola, nikizipanga kumi kumi,
redio ikitangaza mpira wa magongo.
Macho hayana pazia, husemwa.
Yangu yalikuwa nalo: usingizi,
na kodi ya nyumba niliyokuwa nadaiwa.

Nilijua Alhamisi,
gazeti lilipotoa uso wa Doreen Skalko na pengo lake.
Alinunua sabuni kwangu kila Jumamosi.
Ya mwisho nilimrudishia chenji pungufu, senti kumi,
akacheka, akasema utanipa wiki ijayo.
Hilo hakuna aliyeniuliza.

Siku hizi nikifumba macho
namwona yule msichana wa kuigiza.
Maji yanazunguka, mekundu, mekundu,
nami sikumbuki tena kama yalikuwa na rangi yoyote.
Asiyekuwepo na lake halipo.
Doreen hayupo.
Nami, kumbe, nilikuwa nyuma ya kaunta tu,
nimeinamisha kichwa.

Siku ile walipoondoka, saa waliirudisha ukutani,
dakika kumi na moja nyuma. Bado sijaigusa.
Jokofu walilisahau.
Usiku nikaamka kwa kiu, nikakanyaga unyevu:
nyama ya kulungu aliyoniletea mpwa wangu imeyeyuka,
inatiririka hadi chini ya meza.
Nikapiga magoti na tambara, magoti haya,
nikakamua kwenye ndoo, nikakamua,
kisha nikawasha taa
nikayatazama yale maji.