Faili Lisilofunguka

Nililifuta mimi. Nisimsingizie mtu.
Jumanne mchana, duka tupu, Isevya imelala,
mashine inalalama haina nafasi,
nikapita kabatini mwake kama mwenye nyumba
anayetafuta mpangaji asiyelipa.
Nikalikuta: jina refu lisilotamkika,
mwishoni herufi tatu, d, l, l,
na sura yake karatasi nyeupe yenye magurudumu ya meno.
Nikaligonga mara mbili. Kimya.
Nikaligonga tena. Likagoma.
Kitu hakifunguki, hakisomeki, hakichapiki,
kimekaa tu kinakula.
Nikakitupa, nikamwaga na jalala lenyewe.

Alhamisi programu ya kadi ikafunguka bila uso.
Mkasi haupo. Brashi haipo.
Printa ndogo ya pembeni haipo,
wala kile kidude cha mraba cha kuhifadhia,
ambacho tangu nizaliwe sijakishika mkononi
ila nakiamini kama msafiri anavyoiamini reli:
hujui imepita wapi usiku, asubuhi uko Kigoma.
Vyote vimegeuka viboksi vyeupe, safu kwa safu,
kama meno ya mtu anayecheka asikwambie sababu.

Na nina kazi ya haraka, ratiba ya maziko.
Ya shangazi yangu, Nyamizi Kasonda.
Nikafanya kwa mazoea. Kidole kinajua
mkasi ulipokuwa ukikaa, wa tatu kutoka kushoto;
nikiteleza, namkata marehemu jina.

Mihambo fundi akaja, flashi inaning'inia shingoni.
Hakunicheka. Alisema:
"Programu haimiliki picha zake, dada.
Inaazima. Kuna faili moja limezibeba zote,
mkasi, kengele, mshale, kubwa na ndogo,
kila picha na namba yake.
Programu inabisha hodi, inataja namba, inapewa.
Lenyewe halifunguki kwa sababu halikuumbwa liangaliwe.
Liliumbwa liitwe."

Nikaacha kuchapa.

Maana kule Kwihara, uvunguni kwa shangazi,
kuna sanduku la bati la kijani,
kufuli lake lilikufa zamani.
Ukoo mzima tuliazima humo.
Anayeomba pasipoti, anayezika, anayeoa,
anayebisha kwamba babu alikuwa na kovu:
"Nenda kwa Nyamizi." Naye hakuuliza ya nini.
Ya kipaimara imo kwenye bahasha ya mbegu,
ya Mlekwa na baiskeli imeviringwa kangani,
hakuhitaji hata taa.
"Uirudishe," anasema, "na usiishike kwa mkono wa asali."

Tulilipekua usiku wa msiba mpaka bati likalia.
Watu mia mbili na ushee. Yeye hayumo.
Ipo moja tu, ya harusi ya Ulyankulu,
ambamo mkono wa mtu unaingia kutoka pembeni,
umeshika beseni la maji ya kunawa.
Tulibishana kama ni wake. Wajomba wakasema si wake.

Mihambo akavuka barabara kwa jirani
mwenye mashine kama yangu, toleo lile lile,
akanakili faili, akarudi, akaliweka mahali pake.
Dakika nne.
Mkasi ukarudi. Brashi ikarudi. Kile kidude cha mraba
kikarudi na bluu yake, kimenuna kidogo.
Akataka elfu tano, nikampa saba.

Nikabaki na ratiba.
Ukurasa wa kwanza, juu ya jina,
fremu tupu, sentimita sita kwa nane.
Nakala themanini zinasubiriwa Kwihara.
Wala sina jirani
mwenye shangazi wa toleo lile lile.

Nikaweka ule mkono na beseni lake.
Nikaukuza mpaka ukaanza kuvunjika viraba viraba,
nikaurudisha nyuma kidogo,
nikabonyeza chapa.