Kutu au Mkono

Pelotas, Juni. Ukungu umepanda mpaka kwenye ngazi.
Mzee Anacleto kaniletea bodi ndani ya kopo la biskuti,
kaiviringishia gazeti la mwaka ambao timu yake ilishuka daraja.
"Ilizimika siku ile ile aliyoondoka mke wangu," anasema.
"Sisemi yana uhusiano."

Nachomoa chipu moja moja, pumzi nimeibana,
kama mtu anayemtoa mtoto mwiba akiwa usingizini.
Kompyuta inazisoma.
Kisha nalinganisha na nakala ya kiwandani,
ile isiyowahi kuguswa na mtu.
Zinatofautiana mahali patatu tu.

Pa kwanza, shati la shujaa: lilikuwa la buluu,
hapa lina mistari myekundu na myeusi,
rangi za timu iliyoshuka.

Pa pili, ukishindwa, skrini inakuambia UMEKUFFA
kwa Kireno cha mtaani, herufi moja imezidi.
Mpaka leo basi likizima njiani
hakosekani mtu wa viti vya nyuma wa kusema: limekuffa.

Hiyo ni kazi ya Gilnei, mpwa wake,
aliyekuwa na miaka kumi na sita na programu ya wizi.

Pa tatu ndipo nilipokesha.
Hatua ya tano, darajani. Kiwandani walitoa sekunde arobaini.
Hii inatoa hamsini na sita.
Sifuri moja imegeuka moja, basi,
na chipu zikizeeka hufanya hivyo zenyewe.
Mtu angeongeza kumi. Angeongeza ishirini.
Nani huhurumia watu kwa sekunde kumi na sita?

Nampigia Gilnei. Anauza matairi Bagé siku hizi.
"Rangi ni yangu. Neno ni langu, nicheke tu.
Sekunde? Mjomba angenichuna ngozi, sekunde zilikuwa mkate wake."
Kimya. Tairi linadunda mahali.
"Ngoja. Hapana. Sikumbuki."

Ningeweza kuirudisha arobaini, kidole kimoja tu.
Nimeandika pembeni ya faili:
*mahali pa tatu, kutu au mkono, haijulikani. Pasiguswe.*

Mzee anaketi kucheza kwenye kompyuta yangu,
analalamika vitufe havina uzito.
Darajani, arobaini zimekwisha na bado anakimbia,
mistari myekundu na myeusi,
ndani ya muda usio na mwenyewe.
Halafu anaanguka. UMEKUFFA.

Anavua miwani, anaifuta kwa muda mrefu,
anauliza kopo lake liko wapi.