Jedwali la Singa

Singa huchomoza magharibi, juu ya Magoroto,
huko huko mwezi mkubwa unakokwenda kulala.
Kila siku ya kumi na tisa hupishana
juu ya paa la stesheni ya Tanga,
na hakuna anayemwamkia mwenzake.

Ukubwa wake: nyoosha mkono,
weka punje ya mtama kwenye kucha.
Rangi yake: mkonge uliotoka kwenye brashi.
Uzito wake: hapa ndipo watu walipogombana.

Ngamiani, barabara ya nane, wanasema
mwezi mkubwa ulifiwa, ukakata msuko mmoja,
ukautupa, nao ukakataa kuanguka.
Makorora wanacheka. Wanasema ni korona ya kwanza,
siku ilipowashwa, ikameza jani lisilo na shamba
na kulitema juu, mbali na kamba za kuanikia.
Na watoto, wakiruka kamba uchochoroni:

    Singa singa wa mbinguni,
    nani kakwacha juani?
    Shuka tukutie pini,
    tukusuke kwa mafuta.

Bi Mwanjaa Semhando hakuruka kamba. Alizipima.
Karani wa ghala, shamba la Kwamsosi,
kalamu mbili sikioni, moja haina wino.
Alitundika kwenye kenchi kamba ya pima tatu,
akafunga bonge la chokaa chini yake,
akachora mistari ukutani kwa chaki.

*Bahari haimjui Singa,* aliandika.
*Kupwa na kujaa ni kazi ya yule mwingine.
Singa huvuta kilichosokotwa tu.
Akipevuka, kamba hupanda vidole viwili
na robo ya kidole.*

Ndiyo maana ndoo haifiki maji kisimani Mwanzange.
Ndiyo maana kanzu hukaza kwapani
na mafundi cherehani hufunga mapema usiku ule.
Ndiyo maana marobota yaliyofungwa Singa akiwa juu
yalifyatuka bandarini asubuhi, moja baada ya jingine,
na mpima mizani, Mbaruku, akafukuzwa kazi bure.

Wakunga walijua bila chaki:
kitovu hakikatwi Singa akitazama.
Unasubiri. Mama na mtoto wanalala wamefungamana
mpaka ule uzi mweupe uzame baharini.
Mimi nilisubiriwa saa sita.
Mama husema tangu siku ile
sijapata tena kukaa naye muda mrefu hivyo
bila kubishana.

Daftari limenifikia limeliwa na mchwa pembeni.
Mwaka wa kwanza: vidole viwili na robo.
Mwaka wa tisa: viwili.
Mwaka wa ishirini na moja: kimoja na nusu,
na chini yake, kwa wino mwekundu:
*Nimepima mara tatu. Kamba ni mpya.
Kenchi haijashuka. Ni yeye anayeondoka.*

Hakumwambia mtu.
Au alimwambia meneja,
na meneja akauliza kama bei ya kamba itapanda.

Jana usiku nilikwenda Kwamsosi.
Ghala limebaki nusu paa, popo wamehamia kwenye mizani.
Nilianza na kamba ya nailoni, ndiyo niliyokuwa nayo.
Haikujua lolote.
Nikarudi nyumbani, nikafungua kamba ya mbuzi,
mkonge halisi, imekwisha kulika shingoni,
nikaitundika, nikashika tochi kwa meno.

Singa alipofika katikati
bonge la chokaa lilitetemeka kama mtu aliyeitwa jina
akiwa usingizini.
Likapanda.
Unene wa ukucha. Labda pungufu.
Niliandika *ukucha*, nikafuta, nikaandika tena.
Jedwali la Bi Mwanjaa lina mistari kumi na mmoja iliyobaki.
Sidhani itajaa yote.

Binti yangu Mwanakheri ana mimba ya miezi minane.
Muuguzi wa zahanati ana mkasi safi
na saa ya ukutani isiyokosea.
Nimemwomba, siku ikifika, na kama kuna weupe kule Magoroto,
asubiri kidogo.

Ameniuliza asubiri nini.