Utitiri

Usiku wa kuamkia safari nilichemsha maji, sufuria mbili,
nikalimwagia tundu fito kwa fito,
hasa pale vijiti vinapofungwa kwa ukambaa.
Utitiri hauna makazi mwilini mwa ndege.
Mchana hujificha nyufani kama mdaiwa,
usiku hutoka kama mdai.

Wahenga walisema tuzibe ufa.
Mimi nilizichemsha zote.

Chiriku wangu, Karani na Bibiye,
walisubiri ndani ya boksi la sabuni
nililolitoboa kwa sindano ya magunia.
Barua ya uhamisho ilitaja mtumishi, mwenza, watoto wanne,
mizigo tani moja na nusu.
Ndege haikuwataja.

Bandari ya Kaskazini, saa mbili na robo.
Baharia akanyoosha kidole: "Ndege kule nyuma, na kuku."
Kule nyuma, matenga yamepandana hadi kwenye bati,
majike yamenyonyoka vifua,
yanajidonoa kwapani bila kupumua.
Nikasema, hawa ni abiria.
"Wana tiketi?"
Nikalipa. Akaandika: *Mtoto, 1.*

Nikakaa upande upepo unakotokea,
tundu mapajani, gazeti jipya chini yake,
juu nimelifunika shuka jeupe.
Jeupe, makusudi: cheupe hakifichi siri.

Mwenye matenga, Nkamba wa Misungwi,
alinitazama tangu gati hadi tulipoipita mwamba wa kwanza.
"Kwa hiyo kuku wangu wachafu?"
Jibu la adabu sikuwa nalo.
Nikafungua kopo: majivu ya kuni niliyoyachekecha mara mbili,
na majani ya mwarobaini yaliyokauka hadi kuvunjika.
Akachovya kidole. Akanusa. Akanyamaza.
"Mama alikuwa akiwatandikia hivi.
Sijui niliacha lini."

Nikammiminia nusu kwenye upande wa kanga.
Akaenda kuwapaka, mmoja mmoja, chini ya mbawa,
mikono yake ikawa ya kijivu hadi viwikoni
kama mtu aliyetoka kuzima moto.
Nje, minandi walikuwa wamepanga mstari juu ya jiwe
lililopauka kwa vinyesi vyao,
wameanika mabawa,
hawana tundu wala nauli,
na bado mmoja alijikuna.

Nansio, lori la vyombo halijafika.
Watoto wamelala juu ya mkeka wa jirani.
Nikatundika tundu kwenye msumari wa mpangaji aliyetutangulia,
nikalifunika tena shuka lile,
nikazima taa.

Alfajiri nikalitandaza dirishani,
nikalipekua kama ninavyopekua daftari za hesabu,
mstari kwa mstari.
Safi. Safi. Safi.
Halafu pembeni, karibu na pindo,
kitone kimoja, kidogo kuliko nukta.
Kikasogea.

Nikakiponda kwa ukucha.
Kikaacha wekundu.
Damu ya Karani, au ya jike la Nkamba,
au yangu mwenyewe,
sikujua.
Nikaenda kuinjika maji.