Mbuzi wa Guniani

Kutaisi, usiku, theluji imeziba dirisha.
Zurab anatafuta mwongozo wa cherehani ya mkewe,
ile ya chuma, ya mwaka sitini na mbili.
Akaupata. Bure. Tovuti haina jina la mtu,
ina vitufe saba vya kijani, vyote vinasema Pakua.

Faili limebanwa, dogo kama mbegu ya zabibu.
Kompyuta ikamuuliza: una hakika?
Akajibu ndiyo, kama tunavyojibu sote,
macho yakiwa kwenye chai.

Akalifungua. Ndani mna faili jingine.
Ndani ya hilo, jingine. Na ndani ya hilo
hamna cherehani.

Mbuzi wa guniani angalau hulia.
Huyu alinyamaza hadi alfajiri, akila:
picha za ubatizo wa Tekle,
sauti ya marehemu mama akikohoa, akicheka,
madeni ya duka. Vyote vikawa herufi za wazimu,
na barua moja, fupi, yenye adabu, ikitaja bei.

Nikaitwa mimi, mpwa, fundi. Sina ufunguo.

Nanuli hakugomba.
Alivuta droo ya cherehani,
akatoa kijitabu kilicholowa mafuta.
"Ungeniuliza," akasema.