Yule Pale Tena

Hatukulijua jina lake.
Majina yalipita mwishoni, meupe juu ya giza,
herufi kama vijumba na njiti za kiberiti,
na Dijei Lufunga wa Ng'ambo, aliyetutafsiria,
alikuwa keshasafisha koo
anatangaza sehemu ijayo, kesho, shilingi mia mbili.

Kibandani kwa Mayunga, Isevya, nyuma ya mashine ya kusaga,
wasichana walimlilia kijana mwenye nywele za kufunika jicho,
mrithi wa kampuni, au mwana wa mfalme, sikumbuki.
Shangazi Kalunde alikunja mguu juu ya benchi,
sinia la karanga mapajani, akingoja wa pembeni.
"Yule pale tena! Shemeji yangu huyo."

Mara ya kwanza alikuwa mlinzi wa geti.
Alifungua, akainama, gari likapita, basi.
Shangazi akasema: huyu kainama
kama mtu anayeumwa kiuno kweli.

Mwaka uliofuata akapanda cheo, akawa dereva.
Tulikitazama kisogo chake sehemu kumi na sita,
kisogo, na macho ndani ya kioo kidogo,
macho yaliyosikia siri zote za kiti cha nyuma
yakarudi barabarani.
Kisha daktari wa kusema "tumejitahidi."
Kisha mwenye duka la supu.
Kisha waziri mwenye ndevu za kubandika,
akanyweshwa sumu Jumanne;
Ijumaa tukamkuta mzima, anauza samaki, kavaa aproni.
"Huyo hana nafasi ya kufa," akasema Shangazi,
"ana kodi ya nyumba."

Lufunga aliwagawia mashujaa sauti nzito,
warembo sauti ya puani.
Yeye alipewa makombo:
sauti ya mtu anayeuliza, kwa adabu,
kama treni ya Mpanda imeshaondoka.

Nasi wa Tabora tunaijua sauti hiyo.
Hapa reli hugawana, hii Mwanza, hii Kigoma, hii Mpanda.
Watu hushuka usiku kunyoosha miguu,
hununua asali ndani ya chupa ya soda,
huuliza "hapa wapi?" na hawangoji jibu.
Shangazi alisimama kwenye jukwaa lile
miaka ishirini na mitatu, mkono juu,
ndani ya safari za watu wengine,
kila dirisha sekunde nne.

Usiku mmoja mvua ilipiga bati,
tamthilia gani sijui,
akawa baba wa askari aliyezama.
Dakika mbili. Pengine tatu.
Wakamletea kiatu.
Hakulia. Alikigeuza, akakung'uta mchanga,
akaanza kufunga kamba taratibu, mafundo mawili,
kama aliye na mguu wa mtoto mkononi.
Akasema neno moja.

Lufunga hakulitafsiri.
Ndani ya kanda tulisikia feni yake,
na jogoo wa Ng'ambo akiwika mbali,
na Mayunga, anayemdai hata yatima,
akasahau kuwafukuza watoto wa dirishani.

Halafu yule wa nywele akarudi na muziki wake
na wasichana wakapumua.
Shangazi alikuwa bado anamenya karanga ileile.

Juzi nimempelekea simu.
Shangazi, nimempata. Hili hapa jina lake,
na hiki kijiji alikozaliwa,
na kazi zake, mia moja arobaini na moja:
mlinzi, mlinzi, mteja wa pili,
mzee ndani ya basi.

Akaipokea, akaisogeza mbali, akaikaribisha.
Macho yake siku hizi yana ukungu.
Kisha akaifunika kifudifudi kwenye mkeka.
"Mteja wa pili ndiye nani?
Mimi nimemwita shemeji miaka yote, na akaitika."

Akachambua karanga, mbovu huku, nzima huku.

"Hawajaandika humo," akauliza,
"kile kiuno kama kilipona?"