Dirisha la Tatu

Camogli. Nyumba ya manjano ng'ambo ya kichochoro:
madirisha saba, na manne ni rangi tupu.
Najua. Chokaa niliikoroga mimi,
Gaspare akiwa juu ya jukwaa, brashi mdomoni,
akivuta kivuli chini ya kizingiti
kama jua la saa kumi linavyokiangusha.

Hata paka alimweka. Mkia unaning'inia.

Najua, ila jicho
halisikii la mwadhini wala la mteka maji.
Mvua ya Oktoba ikianza, nusu nimeinuka
nikalifunge, paka asilowe.
Ubongo ni dalali:
uonyeshe kivuli kimoja,
utakuuzia chumba kizima,
kitanda, na mtu aliyelala.

Gaspare tumemzika mwaka wa kumi na moja huu.
Jumanne, dirisha la tatu,
ambalo ningeapa ni lake,
likafunguka.

Mkono ukatoka, wa kizee, una pete,
ukakung'uta kitambaa cha meza.
Makombo yakaanguka hadi barabarani,
njiwa wakayaamini papo hapo.

Jirani mzima,
na kumbe miaka yote hiyo
nimempaka chokaa
bila brashi.